Jina la Kifungua Mimba

Ng'ombe waliingia shamba la watu wakala viazi vikuu, na kama kawaida akakamatwa mchungaji wa Kifulani wa kwanza kuonekana. Safari hii alikuwa Julde, kifungua mimba wa Daado. Kituoni polisi wakasema huyo ni mgeni, kesho anavushwa mpaka, isipokuwa mama yake aje amtambue kwa jina na kuthibitisha kwamba alimzaa hapa Ghana.

Daado alifika na vumbi hadi magotini, pamoja na Sanatu, Mdagomba mwenyeji mwenye utani mwingi, anayenunua maziwa yake sokoni.

"Mwanao anaitwa nani?" askari akauliza.

Daado akainama. "Ni yule wa kwanza."

"Wa kwanza ndiyo jina?"

"Anayechunga Oole, na Rane, na ndama wa Rane..."

Askari wakaangua kicheko. "Ng'ombe wote anawajua, mwanawe hamjui! Mama, huyu ulimzaa au ulimwokota?"

"Afande, kwao mama hamtaji mtoto wake wa kwanza kwa jina," Sanatu akadakia. "Wanaona haya. Niache nikutajie mi—"

"Sijakuuliza wewe, dada. Aliyezaa ana mdomo."

Watu wengine wakiwa na lao, huitwa mila. Mfulani akiwa na lake, huitwa ujanja. Inaudhi, lakini ndivyo ilivyo.

Julde alikuwa nyuma ya nondo, uso ukutani, kama impasavyo kijana aliyefunzwa vizuri. Bibi ndiye aliyemlea, na Julde alimwita bibi huyo mama. Huyu aliyemzaa, Julde hakuwahi kumwita chochote.

"Haya, mpakieni garini," askari akasema.

Daado akajifunika mdomo kwa mtandio. "Julde."

"Sauti, mama!"

"Julde! Ni Julde, mwanangu!"

"Naam, mama," kijana akaitika kabla hajajizuia, kisha akaficha uso kwa mikono yote miwili.

Safari hii hakucheka mtu. Mlango ukafunguliwa.

Walirudi kambini kwao mbalimbali, Julde mbele, mama nyuma na Sanatu, ambaye kwa mara ya kwanza hakuwa na utani. Daado alijua habari itafika kabla yao, na wanawake wenzake watamtazama kwa jicho la pembeni. Hilo angelivumilia. Kilichomtesa ni kingine. Jina lile alilinyamazia tangu alipojifungua, leo amelisikia kwa sauti yake mwenyewe, tena mbele ya watu waliomcheka, na alitamani kulitaja tena.

Julde alikuwa anakaribia kona. Daado akafungua mdomo, akaufumba.