Choo Kilichongoja Mgeni Rasmi

Wakimbizi walipojaa kambi ya Lukole, daktari wa zahanati yetu aligombea udiwani kwa sera moja tu: vyoo. Wenzake waliahidi barabara. Yeye alipanda juu ya kreti la soda sokoni, koti jeupe juu ya suti, akatangaza kwamba kipindupindu hakina chama.

Watu walimpinga kwa jambo moja. Kwetu mtu haingii choo anachoingia mama mkwe wake, wala baba mkwe hachangii choo na mke wa mwanawe. Daktari alitaka kila kaya iwe na choo kimoja cha wote.

"Daktari," mzee mmoja akauliza, "nikikutana na mke wa mwanangu mlangoni nimwambie nini? Karibu?"

Daktari hakucheka. "Mavi hayajui ukwe, mzee wangu. Huo ni ushamba."

Mimi sikuwa na wakwe. Wazazi walikuwa wamefariki, nikaacha shule darasa la tano, nikabaki na wadogo zangu watatu na shamba la migomba. Tuliishi kwa rubisi, pombe ya ndizi niliyouza kando ya barabara ya kambini. Siku tulizokosa mboga, tulisaidiwa na bibi jirani, ambaye ndiye aliyemzaa mke wa daktari.

Ndipo daktari, ambaye pia ndiye aliyesimamia afya kijijini, akapiga marufuku kuuza pombe kwa yeyote asiye na choo kinachotumika. Ndizi zangu zilikuwa zimeshafukiwa shimoni ziive. Nikachimba na wadogo zangu mpaka viganja vikatoka malengelenge, tukaezeka nyasi, tukatundika mlango wa turubai.

Daktari alipokuja kukagua alikizunguka, akaingia, akakohoa kidogo kusikia mwangwi, akatoka macho yamemlowa.

"Kijana, hiki ni choo cha mfano. Mgeni rasmi atakizindua Jumapili baada ya misa. Mpaka hapo asikiguse mtu."

"Na kibali cha pombe, Mheshimiwa?"

"Kibali ni kwa choo kinachotumika."

"Basi tukitumie."

"Hakijazinduliwa!"

Akafunga utepe mwekundu mlangoni, akaweka na mgambo wa kulinda. Ndizi hazikungoja uzinduzi. Zilipoiva nikazikamua, nikatia mtama, nikaifunika pombe kwenye mtumbwi wake, gogo lililochongwa la kuchachushia. Watu walikuja kukitazama choo hata kutoka Nyakahura, na wenye kofia walizivua. Sisi wenye choo tuliendelea kukimbilia migombani, na mgambo naye, akibanwa, alitufuata hukohuko.

Jumapili rubisi ilikuwa imekolea. Ikilala tena ingekuwa siki, na wadogo zangu wangelala njaa. Uwanja wetu ulijaa watu. Mgeni rasmi hakutokea. Daktari akahutubia, akatazama saa, akahutubia tena, mwisho akasema tukutane Jumapili ijayo.

Bibi jirani alikuwa kwenye mkeka, khanga imemfunika uso kwa sababu ya mkwewe. Daktari naye, kwa sababu hiyohiyo, alikuwa amehutubia upande mmoja tu wa uwanja. Bibi akaniita.

"Mjukuu wangu, pombe itaharibika?"

"Itaharibika, bibi."

"Kwani wanataka nini?"

"Choo kitumike."

"Hilo tu?"

Akainuka akaenda mlangoni. Mgambo akamzuia. "Mama, hakijazinduliwa."

"Mwanangu, hili langu halifiki Jumapili ijayo."

Akainama, akapita chini ya utepe, akaingia.

Uwanja mzima ukanyamaza, kwa hiyo tulisikia kila kitu. Alipotoka, daktari alikuwa ameshajificha nyuma ya mgomba, na koti jeupe lilionekana kushoto na kulia.

"Daktari, njoo ukague!" watu wakapaza sauti. "Mavi hayajui ukwe!"

Sauti ikatoka mgombani. "Kijana! Kimetumika?"

"Kimetumika, Mheshimiwa."

"Una hakika?"

"Njoo uone mwenyewe."

"Hapana, hapana. Uza. Uza tu!"

Niliuza mpaka mtumbwi ukakauka, na jioni wadogo zangu walikula ugali na maharage, mgambo akiwa katikati yao.

Udiwani daktari aliupata. Alikuja kwangu mara nyingi kunywa, na kila mara aliwasifia wageni choo cha mfano, akikionyesha kwa kidole kutoka mbali. Yeye akibanwa aliaga kwa heshima, akapanda kilima chote mpaka zahanati, na akirudi alikuta rubisi yake imeshanywewa.