Masikio ya Alal

Alal alikuwa dobi. Alifua nguo za watu wa maghorofa ya Bugolobi na kuzipiga pasi ya makaa barazani kwake Kamwokya, katika chumba kilichopakana na changu. Mimi ni Rukiah, mama Jafar, Mnubi, mshonaji. Tulikaa ujirani miaka tisa. Mengine ninayoyasema hapa alinieleza mwenyewe, mengine niliyaona.

Baba yake alikuwa konstebo wa polisi wakati wa Waingereza, Mwacholi mrefu aliyependa pombe. Mama yake aliondoka Alal akiwa na miaka mitano, wala hakurudi. Katika kambi ya polisi familia nzima ililala chumba kimoja, na mtoto yule akajifunza kusikiliza viatu. Hatua zikija zimenyooka, baba amerudi na akili zake. Zikija zinaburuta, Alal alitokea mlango wa nyuma akajibanza kwenye jiko la jirani mpaka baba asinzie. Baba alihamishwa kituo hiki, akapelekwa kile, na mtoto akabadilisha shule mara nne kabla ya kuacha kabisa akiwa darasa la pili.

Hakuwalaumu walimu. Aliniambia hakuna aliyemtendea vibaya. Ila mwalimu alipoandika ubaoni, yeye alikuwa anasikiliza nani anapita nje.

"Macho yalikuwa kwenye ubao, mama Jafar," alisema, "lakini mimi mwenyewe sikuwepo."

Alipofika miaka thelathini na sita alikuwa na mwili wa mtu wa sitini. Kichwa kilimgonga kila asubuhi, tumbo lilimchoma, usingizi wake ulikuwa wa paka. Nilimpeleka zahanati moja, tukamkuta msaidizi wa daktari aitwaye Kakule, Mkonjo kutoka Kasese. Presha ilikuwa juu, lakini dawa zake hazikuwepo. Mwaka ule hata sabuni na chumvi tulizitafuta kwa magendo. Nadhani ndiyo maana Kakule alikuwa na nafasi ya kuuliza maswali. Hakumuuliza anakula nini. Alimuuliza alilelewa na nani, na kama nyumbani kulikuwa na amani. Alal akamweleza habari za viatu vya baba. Kakule akasema amewaona wengi wa namna hiyo, watu waliokua katika hofu, wanaofika kwake wakiwa bado vijana na maradhi ya wazee. Akamwambia apunguze chumvi na apumzike. Njiani Alal alicheka kidogo. Chumvi ilikwisha kujipunguza yenyewe, na kupumzika hakujui.

Alikuwa amejaribu pia darasa la watu wazima kule Lubaga. Aliongoza kwa kuhesabu, na herufi alizishika vizuri kukiwa kimya. Lakini mtu akichelewa na kusukuma mlango, zote zilimtoka, akaanza upya kutoka a. Baada ya miezi minne akaacha.

Mwanzoni mwa mwaka sabini na saba, Waacholi na Walangi wengi walichukuliwa na askari wa serikali, wala hawakurudi. Shemeji yake Alal alichukuliwa kazini saa sita mchana, mbele ya wenzake. Dada yake, Amito, alimtafuta wiki mbili, kisha akakimbilia kwao kaskazini na mtoto mchanga mgongoni. Binti yake mkubwa, Akot, wa miaka saba, akamwachia Alal. Alisema ni kwa mwezi mmoja.

Lazima niseme jambo ambalo ni zito kwangu. Siku zile sisi Wanubi tuliogopwa, kwa kuwa wengi wetu walikuwa upande wa serikali. Kaka yangu Uthman alikuwa jeshini, na Jumapili alizoea kupita kwangu kunywa chai. Jumapili moja alikuja na buti zake, anapiga mluzi, hana ubaya na mtu. Nilitoka kumpokea, nikanusa nguo inaungua. Alal alikuwa amesimama na pasi imekaa juu ya shati la mteja, moshi unapanda, naye haoni. Akot hayupo. Tulimkuta chini ya kitanda changu, amejikojolea. Hata sikujua aliingia chumbani kwangu saa ngapi.

Nilimwambia Uthman asije tena na buti. Alikasirika, akaniuliza kama namwona mnyama. Nikamwambia simuoni hivyo, lakini mtoto yule hana njia ya kujua. Hakuja tena miezi mingi.

Shuleni Akot hakujifunza kitu. Mwalimu alituma barua, Alal akaniletea niisome. Iliandikwa kwamba mtoto analala darasani, akiulizwa hajibu, na pengine ni mzito wa akili. Nilisoma yote bila kupunguza. Sasa najilaumu kwa hilo. Alal alikuwa amechoka, shati la watu limeungua, kichwa kinamgonga. Alimwita Akot, akachukua mwiko, akainua mkono.

Nilikuwa mlangoni. Mtoto hakujikinga uso. Aliinamisha kichwa upande, kidogo tu, anasikiliza nani yuko nje.

Mkono wa Alal ukabaki juu. Kisha akaushusha taratibu, akauweka mwiko mezani, akaketi sakafuni. Akasema kwa Kiswahili, nadhani ili nami nisikie, "Huyu si mzito. Huyu yuko kazini."

Kesho yake alikwenda shuleni. Alimweleza mwalimu kwamba mtoto anahitaji kumwona mtu wake, akaomba akae nje ya dirisha. Mwalimu alisema shule si hospitali, na kama kila mzazi atakuja kukaa dirishani hakutakuwa na masomo. Alal hakubishana. Alirudi siku ya pili na ya tatu, akiomba vilevile kwa upole, mpaka mwalimu akachoka naye akamruhusu.

Basi muhula mzima alikaa kwenye baraza ya shule akishona vifungo vya wateja, mahali ambapo Akot akiinua macho anamwona. Nyumba tatu za Bugolobi zilimwacha kwa sababu nguo zilichelewa. Chakula kikapungua. Nilimwambia anajimaliza, akakubali kwamba ni kweli, na asubuhi akaenda tena.

Wiki za kwanza Akot aliangalia dirisha kuliko ubao. Baadaye aliangalia dirisha mara moja moja. Muhula wa pili akaanza kusoma maneno mafupi, polepole. Siku hizo nilimuuliza Alal kama naye ameokota herufi mbili tatu pale barazani. Akatikisa kichwa. Alikuwa anamlindia mwenzake mlango, alisema, na kazi hiyo haiachi nafasi.

Nisingependa mtu afikiri kila kitu kilinyooka. Akot alirudia darasa la pili. Lori likipita kwa kishindo aliacha kijiko hewani. Amito alileta salamu mara moja kupitia msafiri, wala hakuja. Na mwishoni mwa mwaka sabini na nane Alal aliamka asubuhi mkono wa kulia haumtii na mdomo umekwenda upande. Alikuwa na miaka thelathini na tisa. Kakule alimwambia ashukuru kwamba anaongea. Mdomo ulirudi, mkono ulirudi nusu. Akajifunza kupiga pasi kwa kushoto, na mashati yalitoka na mikunjo, na wateja waliobaki waliyapokea hivyo hivyo.

Aprili iliyofuata, serikali ilipoanguka, ikawa zamu yetu sisi Wanubi kukimbia. Siku ya kuondoka Kamwokya niliingia kwake kumuaga. Alikuwa amekaa kwenye mkeka, Akot anamkanda ule mkono. Nje kulikuwa na watoto wanacheza.

"Nenda kacheze," Alal akamwambia.

Akot akaendelea kukanda.

"Nipo. Mama Jafar ndiye anayeondoka. Mimi nipo."

Mtoto alinitazama, akamtazama yeye, kisha akainuka akaenda. Alal alifumba macho. Aliniambia amechoka, nimsamehe hatanisindikiza, na nikitoka niuache mlango wazi kwa sababu ya joto.