Sukari ya Baba na Fundi wa Ramani za Ndoto

Mimi nauza madera Kariakoo, na mtu anayeshinda akigombana na wateja hana muda wa mambo ya ndoto. Kwa hiyo mama aliponiambia nimpeleke mtaa wa Gerezani kwa fundi wa ramani za ndoto, nilimuuliza kama ana homa.

"Homa unayo wewe," akasema. "Vaa viatu."

Fundi huyo alikuwa amevuma mji mzima. Wenye tai zao walitoka maofisini huko Posta kumfuata. Inasemekana mchuuzi mmoja wa samaki pale Feri alikuwa akikimbizwa usingizini na papa mwenye miguu. Fundi akamchorea kichochoro chembamba, mchuuzi akapenya, papa akanasa, na hapo yupo mpaka leo. Nilicheka nikiwa namfungia mteja mzigo. Mama hakucheka.

Shida yake ilikuwa hii. Baba alipokuwa mgonjwa, mimi bado mdogo, asubuhi moja aliomba uji. Sukari ilikuwa imeisha. Mama akaenda dukani, akarudi na sukari yake kwenye gazeti, akakuta baba ameshafariki. Miaka ikapita, akatulia. Halafu nyumba yetu ya zamani ikavunjwa, likapandishwa ghorofa, na tangu hapo kila akilala anajikuta mtaani na ile sukari mkononi, anaitafuta nyumba, haioni. Anaamka amechoka kama mtu aliyebeba magunia. Alitaka kitu kimoja tu, afikishe ile sukari.

Basi tukaenda. Fundi tulimkuta katikati ya mafundi magari, amezungukwa na injini chakavu, anakula chipsi mayai huku kalamu ikiwa sikioni. Ukutani kwake palijaa ramani: mito ya soda, madaraja ya mabua, shule isiyo na mlango wa kutokea. Kwa kweli alijua kuchora.

"Shikamoo mama."

"Marahaba, baba. Nimekuja na ndoto. Nyumba yangu ilikuwa Kariakoo, mtaa wa..."

"Inatosha!" akasema, mdomo umejaa chipsi. "Kariakoo naijua kama mfuko wangu. Kesho nakwenda kukagua eneo mwenyewe."

Na kweli alikwenda. Alipita hata mbele ya duka langu, anapima barabara kwa hatua, nusura agongwe na mkokoteni. Ramani aliyotuletea ilikuwa nzuri, Mungu shahidi. Vioo vya ghorofa alivipaka rangi ya bluu, kituo cha mabasi ya mwendokasi amekiweka, hadi wamachinga amewachora. Mama akaiweka chini ya mto, akalala.

Asubuhi alitoka chumbani kanga imepinda, hasira hadi kwenye nyusi.

"Yule fundi ni kipofu! Nimeishika ramani yake, natafuta ghorofa la vioo. Ghorofa liko wapi? Vumbi tupu na nyumba za bati! Nimemuuliza muuza kahawa, kanitazama kama mwehu. Nimeaibika mtaani kwangu mwenyewe!"

Tukarudi Gerezani. Safari hii nilitangulia mimi, na mdomo wangu ukanitangulia.

"Ramani yangu haikosei," fundi akasema. "Ndoto ya mama ndiyo imekosea."

Eti ndoto imekosea! Nikavuta pumzi nimpe vidonge vyake, mara simu yake ikalia. Mteja amepotea, anauliza njia. Fundi akamwelekeza kwa sauti: "Njoo mpaka pale palipokuwa na mti wa mkungu. Ndiyo, ule uliokatwa. Kata kulia palipokuwa na kiwanda cha sabuni, ulizia hapo."

Nilimwacha akate simu kwanza.

"Wewe!" nikamwambia. "Walio hai unawaelekeza kwa mti uliokatwa na kiwanda kilichokufa. Halafu marehemu baba yangu ndiyo unamchorea ghorofa la vioo? Baba yangu kituo cha mwendokasi alikijulia wapi?"

Mafundi magari wakaangua kicheko, mmoja akaangusha spana. Fundi akatazama ramani yake, akamtazama mama, akasogeza chipsi pembeni. Nadhani hilo ndilo lilikuwa ombi la msamaha.

"Haya mama," akasema taratibu. "Nianzie wapi?"

"Anzia dukani," mama akasema. "Nimeshapimiwa sukari."

Akataja bomba la maji, akamtaja muuza kahawa wa kona. Mzee mmoja wa vipuri akadakia kwamba bomba lilikuwa kulia, mama akamwambia asimfundishe bomba alilochotea maji ya kuniogeshea mimi. Wakabishana wee, wengine wakaingilia, fundi akifuta na kuchora, jasho linamtiririka. Mwisho akachora baraza yetu, na juu ya baraza akaweka kiti. Mama akakigusa kile kiti kwa kidole, wino haujakauka.

Kesho yake nilimkuta jikoni anakoroga uji, anacheka peke yake.

"Nimefika," akasema.

"Ukamkuta?"

"Kakaa barazani. Nampa sukari, unajua kaniambia nini? 'Ulikwenda kulima miwa yenyewe?' Mwanaume yule! Miaka yote hii, hata pole ya safari hamna!" Akafuta macho kwa pembe ya kanga, kicheko na kilio vimechanganyikana. "Lakini uji kanywa. Kamaliza wote."

Akanikabidhi ramani.

"Itunze. Siku ukinitafuta mimi, usinitafute kwenye maghorofa. Nitakuwa hapo barazani na baba yako."

Nikamfokea aache maneno yake ya mkosi, uji unaungua. Ramani nikaifungia kabatini chini ya madera, na yeye anajua iko huko. Asichokijua ni kwamba nimeshaikariri: dukani, bomba kushoto, kona ya muuza kahawa, baraza.