Isogi ya Kwenye Mawe

Jirani yangu wa hapa kambini Mugunga huchuma isogi, mboga chungu ya porini inayojiotea katika nyufa za mawe ya volkano. Haing'oi. Huikata ncha kwa ukucha wa kidole gumba, ukucha uliokwisha kuwa kijani, na shina lenye mbegu huliacha kando kama mtu anayempisha mjamzito njiani. Akipika humwaga maji ya kwanza, yale machungu, halafu mkono wake wa kushoto huenda pembeni bila yeye kutazama. Kwao Masisi, kabla vita havijamchukulia mume na ng'ombe, kibuyu cha maziwa kilikaa upande huo, maana isogi bila maziwa haimezeki. Hapa mkono hugusa jiwe, ukarudi.

Jana nilipata kikombe cha maziwa sokoni Ndosho, nikakiweka juu ya jiwe lile. Mkono ukakikuta. Akamimina, akakoroga, akainua kichwa kuelekea mlangoni, ndipo akakitazama kikombe.

"Aksanti, Mama Rosette," akasema polepole. "Lakini usilete tena. Ilibakia kidogo niite papa ya batoto akuje kula."