Siku salamu zilipoiteka redio yetu

Siyo mimi niliyeiharibu redio, kaka. Ni salamu. Na usiniambie eti ningemnyang'anya mama maikrofoni, wewe mwenyewe ulikuwa umekaa pale kitandani kama mgeni.

Kaka yangu huyu ndiye aliyenijaza maneno. Zamani huko Ulaya, anasema, vijana walitangazia melini ili serikali isiwafikie, wakipiga muziki ambao redio za wakubwa haziutaki. Sisi meli hatuna. Tuna chumba ghorofa ya tisa hapa ugenini, mtaa wa Berea, na mtambo alioufunga mwenyewe akauficha kabatini chini ya vitenge vya mama. Redio bubu, kibali hatuna. Inasikika jengo letu tu, na majirani walishanong'onezwa pa kuitafuta.

Lifti imekufa tangu Pasaka. Bibi yetu, na magoti yake mabovu, hajakanyaga chini tangu siku hiyo. Niliandika hotuba ya moto, kurasa nne, watu wakisikia tushuke wote mpaka ofisini kwa mwenye jengo.

Jumapili saa nane mchana nikawasha. Mama akaichukua maikrofoni.

"We mtoto, redio gani inaanza bila salamu? Umelelewa wapi?"

Mama ni wa Tanga, kwao salamu haina haraka. Akawasalimia wa ghorofa ya tatu. Hazikupita dakika kumi, mlango ukagongwa: fundi cherehani, mama wa Kikongo wa ghorofa ya tano.

"Munasalimia batu ba ya tatu. Siye ba ya tano tulishakufa?"

Akasalimiwa. Naye akasalimia watu kumi na wawili, na wale wote wakapanda kuja kujibu. Foleni ikafika kwenye ngazi. Halafu akaingia mlinzi wa getini, anahema. Eish! Yule ndiye aliyeajiriwa na mwenye jengo akamate mambo kama haya. Kaka akaliegemea kabati.

"Dada," mlinzi akasema, karibu alie, "jengo zima limesalimiwa. Mimi niliwakosea nini?"

Tukamsalimia. Naye akamsalimia mkewe aliyeko Turffontein, ambako hatusikiki kabisa. Saa kumi na mbili betri ikaisha. Kurasa zangu nne, hata neno moja halikusomwa.

Kaka anataka tupige salamu marufuku, eti siyo mapambano. Lakini nani angepanda ngazi zote zile kwa ajili ya hotuba yangu?

Kesho asubuhi nawasha mapema, na kurasa nazichana. Atakayetaka kusalimia, aje. Ila kwanza ahesabu hewani ngazi alizopanda, na salamu ya kwanza ampelekee mwenye jengo na lifti yake iliyokufa. Naanza na mlinzi.