Nusa, Maitu

Sogeeni hapa karibu na makaa. Wewe weka hiyo simu chini, na huyo mdogo aache kugonga sufuria. Nyamazeni kidogo, maana jambo hili halipendi kelele.

Nilipokuwa mtoto, baba yangu alikuwa akiniita mama. Mimi ni Wanjiru, binti yake wa kwanza, na kwetu binti wa kwanza hupewa jina la mama wa baba. Basi cucu Wanjiru, yaani nyanya yangu tuliyeishi naye, alikuwa mimi, na mimi nilikuwa yeye. Baba akitoka kazini ananiinua juu, "Maitu, umeshindaje?" Maitu, yaani mama yangu. Siku hizi watu huona hayo ni ya kubembeleza mtoto tu. Sisi tuliamini. Mimi niliamini mpaka nikawa naamkia watu kama mwanamke aliyezaa na kulea.

Tulikaa kambi ya wafanyakazi kwenye shamba la kahawa, kati ya Ruiru na Thika, miaka ile ya Hali ya Hatari ya mkoloni, ambapo huwezi kwenda hata kwa shangazi yako bila kibali. Baba alisimamia mashine ya kumenya kahawa, na aliijua. Halafu muratina ikamshika. Pombe hiyo ilitengenezwa kwa siri nyumba moja kule mtoni, na kila Jumamosi baba alikwenda huko akiwa mrefu, akarudi akiwa mfupi.

Jumamosi moja alijikwaa mekoni akapiga teke chungu cha cucu kikiwa motoni. Kikapasuka papo hapo, githeri yetu ya mahindi na maharagwe ikazima moto. Mama akajishika kichwa. Chungu kupasukia motoni ni mkosi mkubwa. Chakula chake hakiliwi, na nyumba hiyo haina amani. Tulilala njaa.

Mzee Gathogo, jirani yetu, akaja kumwambia cucu waziwazi, "Mlaani. Tamka neno moja tu, atakoma."

Laana ya mama tuliiogopa kuliko ugonjwa wowote. Mtu akilaaniwa na aliyemnyonyesha, hukauka akiwa amesimama. Na mama akifa kabla ya kuiondoa, hakuna mwingine wa kuiondoa.

"Atakoma, ama atakufa?" cucu akauliza. "Mimi nilizaa mtu wa kuishi."

Jumamosi iliyofuata, kwa kuwa goti lake lilikuwa bovu, cucu akaniita. Akanitemea mate kidogo kifuani, ndiyo baraka yetu. "Nenda kule wanakokunywa. Mwambie mama yake anamwita. Usiogope. Ukisema wewe, nimesema mimi."

Nikaenda. Wanaume walikuwa wameketi kwenye vigoda, pembe ya ng'ombe ikipita mkono kwa mkono. Nilipofika mlangoni, maneno niliyopewa yakanipotea yote. Tangu asubuhi nilikuwa sijala. Nikasema lililokuwa tumboni:

"Kamau, mimi mama yako, nina njaa."

Jina lake hilo sikuwa nimewahi kulitamka. Wanaume wakaangua kicheko. Mmoja akaniangalia mapengo, maana meno ya mbele yalikuwa yameng'oka, akasema, "Ngai! Si ni bibi kizee mwenyewe, hata meno hana!"

"Kamau, nenda ukanyonye," akasema mwingine. "Ukishiba urudi!"

Baba hakucheka. Aliutazama mdomo wangu. Cucu naye hakuwa na meno hayo. Akaiweka pembe chini polepole, kama mtu anayeweka yai.

"Maitu," akasema, "twende."

Wengine wangemalizia hapo. Lakini kazi ilikuwa haijaanza. Siku za kwanza bila pombe mikono ilimtetemeka, jasho likamtoka, akalia kwamba siafu wanampanda. Cucu hakumwacha peke yake hata kidogo. Alimnywesha maji na uji wa wimbi, kidogo kidogo. Alimkataza njia ya mtoni, ijapokuwa ndiyo ya mkato. Jumamosi, saa ile ya pembe, alimpa mipini ya majembe achonge, mikono iwe na shughuli. Tena akamwagiza kila mtu ambaye yeye baba alimkosea amwendee mchana, waangaliane usoni, aanze na mke wake.

Baba akataka kula kiapo kwamba hatakunywa tena. Cucu akakataa kabisa. "Viapo vya msituni vimejaa nchi hii, na watu wanazikwa navyo. Wewe ukifika jioni, mpe mama yako mdomo anuse. Ya kesho tutayaona kesho."

Hiyo ikawa desturi yetu. Baba anatoka kazini, anainama. "Nusa, maitu." Nami nanusa: uji, kitunguu, vumbi la kahawa. Halafu nasema kwa sauti ya cucu, "Ingia." Nani mwingine kambini alikuwa na kazi kubwa kama yangu?

Jioni moja hakuinama. Alisimama mlangoni akiangalia kando. "Leo usinuse. Nimekunywa."

Nikajua sasa laana inatoka. Cucu akavuta kibuyu cha uji. "Umerudi kwa miguu yako, na umesema mwenyewe. Keti unywe."

Kesho yake akainama.

Chungu kipya alikinunua baba mwenyewe sokoni Thika. Akakibeba kichwani kama mwanamke, watu wakimcheka njia nzima, naye akiwaamkia mmoja mmoja. Mpaka leo sijaona mwanamume aliyetembea vizuri hivyo.

Mnaniuliza: ni jina lililomtoa kule, ama ni mtoto tu mwenye njaa? Mimi sikusoma, siwezi kupasua jambo hilo katikati. Ninachojua ni kwamba cucu alikuwa na neno la kuua mdomoni, na watu walimsihi alitoe. Alilimeza, akaenda nalo kaburini. Hilo najivunia kuliko shamba lolote.

Baba alizeeka akiwa na akili zake. Mwisho alipokuwa hawezi kuinama tena, niliinama mimi.

"Nusa, maitu."

Nikanusa. Uji. Nikamwambia, "Ingia."

Kigoda chake kilikwenda kwa ndugu yangu Njoroge, kule Ngoingwa. Chungu kiko kwa mdogo wangu, kizima hadi leo. Jina alilichukua mwanangu Kamau anayekaa Kimbo, pamoja na mipini. Mimi niliachiwa pua. Na binti yake Kamau, Wanjiru huyu anayegonga sufuria, ameng'oka meno ya mbele juzi. Kazi ya kunusa ni yake sasa.