Hotuba ya Mazishi ya Jirani

Mhadhiri wetu pale chuoni Wandegeya alitufundisha kwamba mauaji ya Wayahudi yalianza kwa maneno. Waliitwa wadudu miaka mingi, mpaka majirani zao wakaona si dhambi kuwaonyesha askari milango ya Wayahudi hao. Mwanafunzi mmoja akauliza ni jirani gani anayeweza kufanya hivyo. Mimi, mkubwa kwa umri kuliko wote darasani, niliinamia daftari langu. Namjua mmoja, na bado anaishi mtaani kwetu Lubaga.

Serikali ilipopinduliwa, nikiwa mtoto, alituita wadudu wa kaskazini, kwa kuwa tulitoka huko, kisha akawaonyesha wenye bunduki nyumba yetu kwa kidole cha mkono wa kulia. Nilikuwa dirishani nikimwona. Baba yangu, aliyekuwa askari wa serikali iliyopinduliwa, walimchukua na hakurudi.

Sasa jirani huyo anaumwa, na anadhani nilikuwa mdogo mno kukumbuka. Juzi aliniita kitandani kwake. Huku kwetu, kwenye mazishi lazima mtu asimame kuzungumza kwa niaba ya majirani.

"Mwanangu, wewe umesoma," akaniambia. "Siku yangu ikifika, unizungumzie."

Nilimshika mkono, ule ule wa kulia, nikakubali. Wanawe na wajukuu watakuwa wameketi mbele, na kipaza sauti nitakuwa nacho mimi.